Perege wa Chala na Ploti Namba Thelathini na Moja

Kapseret, kwa njia ya Posta ya Eldoret
13 Oktoba 1968

Shemeji Wanyoike,

Pokea salamu za nyumba nzima, kuanzia kwa mama yenu mpaka kwa ng'ombe. Sisi tuko wazima. Mama alikohoa mwezi wote wa Agosti, sasa amepona. Nimejua amepona kwa sababu amerudi kugombana na kuku wangu. Wangari mdogo, mwenye jina lake, ameng'oka meno ya mbele yote mawili na anaimba kanisani akipuliza kama birika. Yule ng'ombe mweusi alizaa ndume. Nilitaka jike, lakini sikuulizwa.

Sasa habari yenyewe. Jana sisi watu wa sheya, tulionunua shamba hili kwa pamoja, tulikutana kwenye stoo ya yule kaburu aliyehama, wanachama hamsini na wawili, kila mtu na nguo ya Jumapili ingawa ilikuwa Jumamosi. Mwenyekiti wetu, Mzee Kipkemboi, alitia vikaratasi kwenye kofia yake, na Mburu akachukua chetu: namba thelathini na moja. Nilifurahi. Nilimwambia Kavetsa, jirani yangu yule Mragoli mwenye kicheko cha kusikika mpaka barabarani, kwamba namba hiyo ni nzuri. Halafu tukatoka kwenda kutafuta vigingi. Tukapita ishirini na tisa, tukapita thelathini, na mbele yetu hakuna shamba, ni bwawa. Mburu alitembea ukingoni huku na huku akitafuta. Aliyekiona kigingi chetu ni Kavetsa. Kilikuwa ndani ya maji, mbali kabisa na ukingo, na ndege amekikalia. Mpaka leo hakuna anayejua mpima alifikaje pale.

Watu walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Mburu naye alicheka, lakini mimi ni mke wake, nakijua kicheko chake cha kweli. Katika ekari zetu saba, tano na nusu ziko chini ya bwawa ambalo kaburu alilitengeneza apate mahali pa kuvua samaki siku ya mapumziko. Mzee Kipkemboi anasema ukuta utapasuliwa, maji yatoke, nasi tulime kama wengine. Utapasuliwa na nani, na kwa chombo gani, hajasema.

Mburu yuko hapa mezani ninapoandika. Hajasema nikusalimie. Hajakataza pia. Hayo mambo mnayogombania wewe na ndugu yako, ya jina la nani liwe kwenye sheya, mimi siyaingilii. Kazi yangu ni kununua stempu.

Tuandikie. Mama anauliza kama unakula.

Ni mimi shemeji yako,
Jelagat


Taveta
10 Novemba 1968

Mpendwa Shemeji, Mama Wangari,

Barua yako nimeisoma mara tatu, na mara mbili ni kwa sababu ya huyo ndege. Mwambie Mama ninakula, tena ninakula ndizi asubuhi, mchana na jioni, maana huku ndizi ndiyo ugali. Homa ilinishika wiki moja ikaniachia. Nimenunua blanketi na radio ndogo, na mwenye nyumba wangu ananiita mwalimu kwa sababu natembea na rula. Pole kwa ajili ya ploti. Nimecheka, halafu nikaona aibu kwamba nimecheka.

Uliwahi kuniuliza kazi yangu ni gani hasa, nami nikakujibu kwa mzaha. Leo nitakujibu vizuri. Kila asubuhi nateremka Ziwa Chala. Liko ndani ya shimo la mlima wa moto wa zamani, kingo zake zimesimama kama ukuta, na njia ya kushuka ni ya kushika mizizi. Chini nakamata samaki, nampima kwa rula, naandika urefu wake, namrudisha. Ni perege mdogo, mpana kama kiganja changu, wa rangi ya majivu. Ukimwona huwezi kusimama kumtazama. Lakini mkubwa wangu, aliyesomea samaki ng'ambo, aliniambia kwamba perege huyu hayuko Victoria, hayuko Naivasha, hayuko hata Jipe, ziwa la jirani tu hapa. Ni humu peke yake. Akiisha katika shimo hili, basi ameisha duniani. Tangu siku ile nikimshika mkononi namshika kwa adabu.

Sasa kuna mzungu anaitwa Bwana Lockyer. Anajenga vibanda vya wageni huko juu ukingoni, na wageni anaowataka ni wale wanaovua kwa mchezo. Perege wetu ni wadogo, hawatamfurahisha mtu kama huyo. Kwa hiyo anataka kuleta samaki mkubwa anayeitwa besi, mwenye mdomo kama debe, anayekula kila kilicho kidogo kuliko yeye. Anatafuta mahali pa kuwapata wakiwa hai. Mkubwa wangu yuko likizo kwao mpaka mwisho wa Februari, na bila yeye hakuna wa kusema hapana. Nilijaribu mimi. Nilimwambia Bwana Lockyer kwamba wakubwa hao watawamaliza hawa wadogo. Akaniuliza nimesomea wapi. Nikachukua rula yangu nikateremka.

Mvua imeanza na barabara ya Voi imeharibika, sijui barua hii utaipata lini. Msalimie Mama, mbusu Wangari. Msalimie na mwenye nyumba wako, kama utaona inafaa.

Wako,
Wanyoike


Kapseret
1 Desemba 1968

Shemeji Wanyoike,

Umenyamaza, lakini sikasiriki, nasikia mvua ya huko imebeba madaraja. Huku jua linawaka na mahindi ya watu yamevunwa. Mama amefuma kikapu kikubwa kisichopita mlangoni, sasa kinakaa nje. Wangari ameota jino moja. Yule ndama ndume ananifuata kila ninapokwenda, nimeanza kumpenda, usimwambie mtu.

Nina habari njema. Bwawa litapasuliwa!

Wiki jana alikuja mzungu mmoja mrefu, mpole, kofia mkononi. Alimpata Mzee Kipkemboi akamwambia amesikia kaburu aliacha samaki kwenye bwawa, na kwamba samaki hao anawataka wakiwa hai. Atawabeba kwa lori ndani ya mikebe ya maziwa, awapeleke kwenye ziwa moja huko chini mpakani, jina nimelisahau. Na kwa sababu kuwavua wote hakuwezekani maji yakiwa yamejaa, ataleta buldoza yeye mwenyewe, apasue ukuta, maji yatoke polepole huku yeye akikusanya. Sisi hatutoi kitu. Tulimkaribisha mursik, maziwa yetu ya kibuyu, akanywa mpaka chini, na wazungu wengi hawafiki nusu. Tarehe imewekwa, Jumatatu ya 27 Januari. Watu wote walitia sahihi, Mburu wa kwanza.

Shemeji, jana Mburu aliimba akikamua. Tangu kura ile sikuwa nimemsikia. Ameshanunua mbegu ya mahindi ya haibridi na ameiweka chini ya kitanda chetu, ananiambia mahali pa kila kitu: hapa mahindi, hapa viazi, hapa nyumba ya Mama. Na wewe kama kazi yako ni samaki ungekuja uwaage hawa wetu.

Shemeji yako mwenye furaha,
Jelagat


Kapseret
22 Desemba 1968

Shemeji,

Barua yako ya Novemba ilifika Alhamisi, bahasha imelowa lakini maneno yanasomeka. Asante. Tumefurahi kwamba homa imekuachia. Mama anasema ndizi si chakula cha mtu mzima.

Krismasi tutakuwa hapa nyumbani. Kavetsa ataleta chapati, mimi nitachinja yule jogoo anayegombana na Mama. Wangari ni malaika kwenye mchezo wa kanisa, amevishwa shuka langu.

Kuhusu bwawa sina la kusema leo.

Krismasi njema na mwaka mpya mwema.

Jelagat


Taveta
29 Desemba 1968

Mpendwa Shemeji,

Natumaini mlikula Krismasi vizuri na jogoo hakuwa mgumu. Mimi nilialikwa kwa mwenye nyumba wangu, tukala ndizi za nyama, tukasikiliza radio yangu mpaka betri zikaisha. Niko mzima wa mwili.

Barua yako ya tarehe moja niliipata juzi Ijumaa. Nimekaa nayo siku mbili. Shemeji, huyo mzungu mpole mwenye kofia ni Bwana Lockyer. Ziwa ulilosahau jina lake ni hili langu.

Sikulaumu kwa neno hata moja. Ulipoandika hukujua. Na nikikaa chini nikapima, naona ploti yenu ni ya watu sita na zaidi watakaokuja, na nyumba ya Mama iko ndani yake. Upande wangu kuna samaki wa urefu wa kiganja ambaye hakuna anayemjua. Sina haki ya kuwaambia kaeni bila shamba kwa ajili yake. Kwa hiyo siombi. Nakuambia tu yatakayotokea, usije ukasikia baadaye ukasema nilikuficha: besi wakiingia humu, perege hawatafika miaka mingi. Hawana pa kukimbilia. Shimo ni la mviringo.

Karatasi ya pili ndani ya bahasha hii ni ya Mburu. Usimsomee. Mpe tu mkononi. Akiichoma, usiniambie.

Wanyoike


Kapseret
2 Februari 1969

Shemeji Wanyoike,

Tafuta mahali pazuri ukae, barua hii ni ndefu. Sisi wazima, Mama mzima, Wangari ana meno, ndama amepewa jina nalo ni Lori. Utaelewa.

Kwanza nikuombe radhi. Barua yako ya Novemba ilipofika nilijua mara moja huyo Lockyer ni nani. Nilijua, nikaikunja, nikaiweka kwenye Biblia yangu, nikakuandikia habari za chapati. Wiki mbili na zaidi sikumwambia mtu. Nilikuwa naiangalia ile mbegu chini ya kitanda na kujiambia kwamba samaki ni samaki. Nilitaka shamba langu. Sasa umejua, na mimi nimepumua.

Karatasi yako ilifika tarehe nane Januari. Nilimpa Mburu mkononi kama ulivyosema. Alikwenda kuisomea nyuma ya boma la ng'ombe, akakaa huko mpaka maziwa yakapoa. Uliandika nini sijui. Nimemuuliza mara nne. Aliikunja akaitia kwenye koti lake la kanisani, akavaa hilo koti siku ya kazi, akaenda kwa Mzee Kipkemboi.

Jumapili baada ya ibada Mzee aliita mkutano. Mburu, unayemjua asivyopenda kusema mbele ya watu, alisimama. Alieleza habari ya ziwa lenu na samaki wake, vizuri kuliko ulivyonieleza mimi, ndiyo maana nadhani karatasi yako ilikuwa nzuri. Watu walinung'unika. Kipkorir, mwenye ploti thelathini, aliuliza kama tunataka kufukuza buldoza ya bure kwa ajili ya samaki wa Taveta. Mburu akamwambia: "Mimi ndiye niliye chini ya maji, kwa hiyo nisikilizeni. Tulikaa miaka yote ile bila shamba kwa sababu mtu alikuja na vitu vyake akaviweka mahali pa wengine, bila kuuliza nani yuko pale. Mimi sitaki kupata langu kwa njia hiyo hiyo."

Mzee Kipkemboi alivua kofia akaitazama ndani, kama vikaratasi bado vimo.

Kipkorir, kwa sauti ya chini sasa, akauliza nani atapasua ukuta. Mburu akasema yeye, kwa jembe, na anayetaka kumsaidia aje Jumatatu. Na samaki je, akauliza mwingine, maana maji yakitoka watabaki pale na mzungu atawaokota tu. Hapo ndipo Kavetsa aliposimama akauliza kama katika watu wote hawa hakuna hata mmoja aliyewahi kufikiria kuwala.

Shemeji, ungeona nyuso. Wanandi walimtazama, Wakikuyu walimtazama, wote watu wasiokula samaki. Mama yenu alisema kwa sauti kwamba nyoka wa maji hataingia kwenye sufuria yake. Kavetsa alicheka kile kicheko chake, akasema mtafanya kazi ya kuchimba, na kazi ya kupika mniachie.

Tulichimba siku tisa. Jumatatu ya kwanza tulikuwa kumi na mmoja, na Kipkorir alikuwa mmoja wao, ana beleshi jipya. Kufika Alhamisi tulikuwa zaidi ya arobaini. Wanaume walikata mfereji kando ya ukuta, wanawake tulibeba udongo, tukaimba nyimbo za lugha tatu, hakuna aliyejua maneno ya mwenzake. Maji yalianza kutoka siku ya tisa, membamba kwanza, halafu yakachukua njia yao wenyewe. Jumamosi kulikuwa na tope, na ndani ya tope samaki wanarukaruka, wakubwa, na mdomo kweli ni wa debe. Wangari aliwaogopa. Mama akaleta kile kikapu chake kisichopita mlangoni, kikajaa.

Kavetsa aliwakaanga wengine, akawachemsha wengine na nyanya, na waliobaki akawatundika juu ya moshi. Kwa muda mrefu hakuna aliyegusa. Tulisimama na sahani kama watu wa msibani. Aliyeanza ni Mama. Alikula mkia, akatafuna polepole, akasema ni kama kuku aliyenyeshewa, akaomba mwingine. Basi. Mimi nilikula wawili. Mburu sikuhesabu.

Mzee Kipkemboi alikuwa amemwandikia Bwana Lockyer kumzuia, ila barua ilipishana naye njiani. Jumatatu akafika na lori na mikebe yake ishirini. Buldoza ilikuwa bado iko nyuma. Alisimama ukingoni akaangalia tope, akaangalia moshi, akaangalia watoto wanalamba vidole. Niliona uso unabadilika na nikaogopa kidogo. Mburu alimpelekea sahani na kiti. Mzungu aliipokea sahani. Halafu akakaa, akala, akasema imekosa limau. Kisha akamuuliza Mburu ni nani aliyetuambia habari za ziwa.

Mburu akasema, "Ni ndugu yangu. Anawapima kwa rula."

Nilikuwa karibu nao, nimeshika birika la chai. Nilisikia vizuri, ndiyo maana nakuandikia kama lilivyosemwa.

Mzee alikuwa ameona aibu mtu kurudi mikono mitupu, akamjazia mikebe mitatu maziwa. Alipoondoka ndama alilifuata lori lake mpaka barabarani.

Tope linakauka. Mburu analipitia kila asubuhi, analikanyaga, anasema bado. Ni udongo mweusi, mzito, wa miaka mingi. Kipkorir anauliza kama tutabadilishana.

Shemeji yako,
Jelagat


Taveta
2 Machi 1969

Mpendwa Shemeji, Mama Wangari,

Natumaini barua hii itawakuta wazima wote, pamoja na Lori. Mimi ni mzima sana. Barua yako nimewasomea watu wa nyumba hii mara mbili, na mwenye nyumba wangu amemtuma mtu sokoni kutafuta limau amletee Bwana Lockyer. Bwana Lockyer tunasalimiana. Mkubwa wangu alirudi wiki iliyopita, nikamweleza yote, naye akamwandikia kwa karatasi yenye muhuri kwamba samaki wa kutoka nje hawataingia Chala. Bwana Lockyer akasema wageni wake basi watakuja kutazama maji na ndege, kwa sababu vibanda tayari vina paa.

Na habari unayoitaka: ndiyo, mume wako amefika. Ulinificha. Nilikuwa naosha shati, nikainua kichwa, nikamwona amesimama na gunia la viazi begani, vumbi la Voi mpaka kwenye nyusi. Tulisalimiana kama watu waliokutana posta. Akauliza viazi aviweke wapi. Yale niliyomwandikia hakuyataja, nami sikuyataja, na wewe usitegemee kuyasikia kwa yeyote kati yetu.

Jana alitaka kuona ziwa. Tuliteremka, mimi mbele, yeye nyuma akishika mizizi na kulalamika kwamba mtu mwenye akili hujenga njia. Katikati ya mteremko, mahali ambapo huwezi kugeuka kumtazama mwenzako, akasema, "Mpima anarudi mwezi huu. Nimemwambia aandike majina mawili kwenye ploti." Nilitaka kujibu. Nikamwambia aangalie jiwe lile, linateleza. Akasema ameliona.

Chini maji yalikuwa matulivu na safi, unaona mpaka mchanga. Mburu alichuchumaa ukingoni kumtafuta samaki wangu. Palikuwa na perege jike, hatua moja tu kutoka kwetu, na mbele yake kama wingu la vitone: watoto wake, kila mmoja mdogo kuliko punje ya mtama. Kivuli cha Mburu kilipoangukia maji, mama yule alifungua mdomo, na watoto wote wakaingia ndani, wote, kama watu wanaokimbilia nyumba moja mvua ikinyesha. Akaufunga. Akakaa pale mashavu yamejaa, akitutazama.

Mburu aliniuliza kama amewala. Nikamwambia hapana, anawalinda. Atawatoa akiona hatari imepita.

Alisimama, akavua kofia yake, maana ndiyo ilikuwa na kivuli kikubwa, akarudi nyuma hatua moja. Samaki hakufungua. Akarudi nyingine. Nilimwona ndugu yangu, mtu mzima mwenye viatu vya kanisani, anarudi kinyumenyume juu ya mawe, hatua kwa hatua, polepole, mpaka mgongo wake ukagusa ukuta wa shimo na hakuna tena pa kwenda. Akanyoosha mkono akanivuta na mimi. Tukasimama pale bega kwa bega, tumebana pumzi, mpaka mama yule akafungua mdomo na watoto wakatoka mmoja mmoja kwenye jua.

Anasema atabaki hapa mpaka Alhamisi. Akirudi nitakuwa naye, nimeomba likizo ya wiki tatu za kupanda. Mwambie Mama asipike ndizi.

Wanyoike wenu